Njia ya Bibi Harusi: Kutoka Kachi Hadi Ghuba ya Speke

Wanaume wa njia hii tunawajua kwa majina. Musa Mzuri, Khoja wa Surat, alikuwa mwenyeji wa Unyanyembe, karibu na Tabora ya leo, na alishafika Karagwe, magharibi ya Ziwa Victoria, kabla wapelelezi wa Kizungu hawajajua ziwa lenyewe liko upande gani. Mwaka 1861 Speke na Grant walikaa nyumbani kwake wakihangaika kupata wapagazi. Sewa Haji Paroo alikaa Bagamoyo akizipatia misafara nguo, shanga, waya na watu wa kubeba. Allidina Visram alitoka Kachi, India, akiwa kijana mdogo, akajifunza kazi Bagamoyo, kisha akatawanya maduka yake kuifuata biashara ya pembe: Tabora, Ujiji, mwambao wa ziwa, mpaka Uganda. Alipofariki mwaka 1916 hapakuwa na mji wa maana kuzunguka ziwa ambao jina lake lilikuwa geni.

Ukisoma habari zao utakuta bei za pembe, majina ya watemi, hesabu ya mizigo na ugomvi wa hongo njiani. Hutakuta aliyepika. Hutakuta aliyefua, aliyezaa, aliyekesha na mtoto mwenye homa nyuma ya ghala la ngozi. Msafara hupita na kwenda zake. Kinachobaki mahali ni nyumba, na nyumba haijengwi na pembe za ndovu. Ndiyo maana nimeifuata njia hii kwa nyayo za mtu mwingine: msichana wa Kachi au Kathiawar aliyeolewa na mwenye duka wa pwani ya ziwa, akaja Mwanza kuanza maisha ambayo hakuna aliyemweleza yakoje.

Safari yake ilianza kwa barua. Kijana aliyekuwa Mwanza, pengine karani katika duka la mjomba wake, aliwaandikia wazazi Mandvi, Jamnagar, Rajkot au Porbandar kwamba sasa ana chumba na ana akiba kidogo. Wazazi ndio waliochagua. Ilitakiwa msichana atoke katika jamaa ileile, mtu wa imani ileile, mara nyingi wa ukoo wa kijiji cha jirani: Mlohana kwa Mlohana, Patel kwa Patel, Ismailia kwa Ismailia, Bohora kwa Bohora. Kijana alirudi kuoa, au msichana alisafirishwa na shangazi na wakwe. Walipanda meli Bombay, nyingi zikiwa za kampuni ya British India, na watu wa kipato kidogo walisafiri sitahani pamoja na matandiko yao, masufuria yao na chakula chao. Bahari iliwachukua zaidi ya wiki. Mombasa ikawa ardhi ya kwanza ya Afrika waliyoikanyaga.

Kutoka hapo walipanda treni. Reli ya Uganda ilifika Kisumu, ikiitwa wakati huo Port Florence, mwishoni mwa mwaka 1901. Vibarua karibu 32,000 waliletwa kutoka India kuijenga. Kama 2,500 walikufa, na waliobaki Afrika Mashariki baada ya mikataba yao kwisha hawakufika 7,000. Napenda kuzitaja hesabu hizi kwa sababu wengi bado huamini kwamba Wahindi wote wa ziwa ni wajukuu wa vibarua wa reli. Wako, hasa miongoni mwa Masingasinga waliokuwa maseremala, wahunzi na mafundi mitambo. Lakini wenye maduka wengi walikuja kwa nauli zao, wakiitwa na ndugu, na reli iliyojengwa kwa jasho la Wapunjabi ikawa ndiyo njia iliyowaletea wake zao.

Kisumu waliingia melini tena. Winifred, Sybil na Clement Hill zilizunguka ziwa miaka ile ya mwanzo zikibeba ngozi, mchele, pamba na abiria. Kwa zaidi ya miongo miwili hii ilikuwa njia ya kawaida ya kufika Mwanza, mji ambao Wajerumani waliuanza kama ngome mwaka 1892 lakini wakashindwa kuuunganisha na pwani yao wenyewe. Reli ya Kati ilifika Kigoma mwaka 1914 na kuliacha ziwa kubwa pembeni. Tawi la kutoka Tabora lilifika Mwanza mwaka 1928, wakati wa Waingereza, na tangu hapo mgeni aliweza kushukia Dar es Salaam na kuvuka nchi nzima kwa treni. Kabla ya hapo Mwanza ilikuwa mji wa Tanganyika uliopumua kupitia Kenya, na bibi harusi aliiona kwa mara ya kwanza kutokea majini: mawe makubwa yaliyobebana, nyumba chache za mabati, na umati gatini.

Nimetembea kutoka bandarini kwenda katikati ya mji nikijaribu kuiona alivyoiona. Mwanza ya leo haikurahisishii kazi hiyo. Daladala, bodaboda na ghorofa za vioo zimejaa, na mji umepanda milimani hadi Bugarika na Igogo. Lakini ukiingia mitaa ya katikati, Rwagasore, Lumumba, Liberty, na ile inayozunguka hekalu la Wahindu pale Makoroboi, bado kuna nyumba zinazokusomea habari ukitulia. Mbele ni duka, mlango mpana unaoingia barazani. Juu, kwenye zile zilizopata ghorofa, kuna roshani nyembamba ya kuanikia nguo na kutazama mtaa. Ubavuni kuna uchochoro, na huo ndio unaohitaji kuufuata, kwa sababu nyumba halisi iko nyuma.

Nyuma palikuwa na ua, na ua ndio uliokuwa dunia ya mwanamke huyu. Vyumba viliuzunguka: kimoja cha wazazi, kimoja cha kaka mkubwa na mkewe, kimoja cha watoto wote pamoja, na stoo ya magunia. Hodhi la maji lilikuwa kona moja, jiko kona nyingine, choo mbali kidogo. Katika nyumba za Kihindu palikuwa na debe au chungu chenye tulsi, ndugu wa kivumbasi chetu, lililomwagiliwa kila asubuhi kabla mtu hajatia kitu mdomoni, na pembe ya chumba iliyowekwa picha za miungu na taa ndogo ya samli. Duka lilikuwa la baba, na kila mtu aliyepita barabarani aliliona. Ua ulikuwa wa mama mkwe, na sheria zake hazikuandikwa popote.

Mkwe mpya aliamka wa kwanza. Chai ilitangulia, maziwa mengi, tangawizi na hiliki, kwa sababu duka lilifunguliwa mapema na wanaume hawakutoka na tumbo tupu. Kisha unga ulikandwa. Chapati nyembamba za kila siku, zilizopakwa samli zikiwa za moto, zilihesabiwa kwa vichwa: watu kumi na wanne hula ngapi mchana, ngapi usiku, na mgeni akija? Dengu au choroko zilichemshwa, mboga ikaungwa, wali ukafunikwa. Binzari, giligilani na pilipili zilisagwa nyumbani kwa jiwe au kutwangwa kwa kinu, na maembe mabichi yakakatwa na kutiwa chumvi na mafuta kwa ajili ya achari ya mwaka mzima. Wakati huohuo watoto waliogeshwa, wazee wakapewa dawa zao, na nguo za watu wote zikafuliwa kwa mikono. Alipomaliza, alianza chakula cha jioni.

Alikuwapo mama mmoja aliyenikaribisha barazani kwake mtaa wa jirani na hekalu. "Shikamoo, mama," nilimwambia. "Marahaba, mwanangu, kaa." Nilimwuliza kuhusu biashara ya mkwe wake enzi za Mwingereza, akaniambia hayo niwaulize wanaume. Yeye alitaka kuzungumzia jiwe la kusagia. Mama mkwe wake alikuja nalo kutoka India ndani ya sanduku la nguo, na mabegani alikuwa na kovu la kuliinua. Hakuna aliyeamini kwamba Afrika nako kuna mawe. Alicheka sana aliposema hivyo, kwa sababu tulikuwa Mwanza, ambako hata nyumba hujengwa kwa kuyakwepa mawe.

Sikumwacha bila kuuliza vyakula vya ziwa vilivyoingia katika chungu chake. Hapo ndipo makazi yanapoonekana. Familia za Kiislamu zilikula sato wa mchuzi mapema sana, na nazi ilipoanza kupanda treni kutoka pwani, kuku wa kupaka wa Mombasa na Zanzibar naye akafika Mwanza. Wahindu wengi wa Vaishnav na Wajaini hawakugusa samaki wala nyama, wakaishi vizazi vitatu kando ya ziwa lililojaa samaki bila kuonja hata dagaa. Muhogo walikubaliana nao wote. Ulichemshwa, ukakaangwa, ukanyunyiziwa pilipili na ndimu, na leo watoto wa watoto wao huutafuta katika maduka ya Leicester na Toronto wakiuita kwa jina la nyumbani, mogo. Samli haikutoka India: ilitoka kwa wafugaji wa Usukuma na Musoma, wakaileta dukani, ikajazwa madebe na kusafirishwa. Mwanamke wa Kisukuma aliyetikisa kibuyu cha maziwa alfajiri na mwanamke wa Kikachi aliyepaka chapati mchana walikuwa katika kazi moja, ingawa walikutana kwa nadra, na walipokutana palikuwa na kaunta katikati yao.

Lazima nilisemee jambo ambalo simulizi za familia hulipita haraka. Wafanyabiashara wa kwanza walikuja bila wake, na wengine walikaa miaka kumi, kumi na mitano. Waliishi na wanawake wa hapa, wakazaa nao. Bibi harusi aliposhuka melini, kuna nyumba alizozikuta tayari zina mwenyewe. Huyo wa kwanza mara nyingi aliondoka kimya kurudi kwa wazazi wake au kuhamia upande mwingine wa mji, na watoto wake wakaitwa machotara, wakiachwa nje ya misikiti na mahekalu ya baba zao au kuingizwa kwa masharti. Wapo waliotunzwa vizuri, wapo waliosahaulika kabisa. Jiko lilikuwa lake yule wa kwanza pia. Yeye ndiye aliyemfundisha mgeni wa Kihindi maneno ya sokoni, nani wa kumwamini na nani wa kumwogopa. Nyumba nyingi za kando ya ziwa zina wanawake wawili katika misingi yake, na ni mmoja tu mwenye picha ukutani.

Si wote waliobaki mjini. Mtindo wa biashara ulimtaka kijana aliyejifunza kwa tajiri apewe bidhaa kwa mkopo, aende kufungua duka dogo ndani: Magu, Nassa, Misungwi, Ngudu, Nyambiti, au avuke maji kwenda Nansio, Ukerewe. Nimeifuata barabara ya Magu inayoshika ukingo wa Ghuba ya Speke, na vituo vya zamani bado unaweza kuvitambua kwa paa la bati lililopinda na baraza la saruji ambapo fundi cherehani aliketi. Duka la huko liliuza kaniki, khanga, chumvi, sukari, mafuta ya taa, viberiti, majembe, sufuria. Lilinunua ngozi, samli, karanga, mchele, choroko, na baadaye zaidi ya yote, pamba.

Mume aliposafiri kwenda mjini kuchukua bidhaa, mke ndiye aliyeketi dukani. Hili halikuandikwa katika leseni yoyote, lakini wazee wa vijijini Usukuma hulikumbuka kuliko chochote. Mwanamke huyo wa Kihindi alizungumza Kisukuma kwa ufasaha kwa sababu hakuwa na mwanamke mwingine wa kuzungumza naye. Alishona magauni ya kuuza. Alizalishwa na wakunga wa Kisukuma, akajifunza dawa zao za watoto, akawapa za kwao. Mumewe akijua Kiswahili cha bei na mizani, yeye alijua Kisukuma cha misiba na uzazi. Aliporudi mjini baada ya miaka kumi, watoto wake walikuwa wakilia kwa Kisukuma, na mama mkwe akasikitika.

Mwaka wa nyumba hizi ulipimwa kwa kalenda mbili, ya pamba na ya imani. Waismailia walikwenda jamatkhana alfajiri na magharibi, na hapo ndipo mkwe mpya alipopata saa yake ya kutoka nje na kuonana na wenzake. Aga Khan wa Tatu aliwahimiza wafuasi wake wasomeshe wasichana, na baadaye aliwashauri wanawake wavae mavazi mepesi ya Kizungu badala ya yale ya India. Katika familia za ziwa ushauri huo ulivunja ugomvi wa miaka mingi kati ya mabinti na bibi zao. Waithnaasheri walizima sherehe zote Muharram, wakavaa nyeusi na kukaa usiku baada ya usiku katika majlisi. Mabohora walikula wakizunguka sinia moja, kila mtu akianza kwa kuonja chumvi. Masingasinga walimlisha yeyote aliyeingia gurdwara. Wagoa walikuwa na misa yao Jumapili na vyakula vyao vya Krismasi.

Kwa wafanyabiashara wa Kihindu, siku kubwa ilikuwa Diwali, na napenda kukaa hapa kidogo kwa sababu jiko na duka hukutana usiku huo kuliko usiku wowote. Taa za udongo zilipangwa kwenye baraza na roshani. Wanawake walikuwa wamepika vitamutamu siku kadhaa mfululizo: ladu, barfi, na vile vya unga wa dengu vilivyokaangwa na kufichwa mbali na watoto. Dukani, vitabu vipya vya hesabu vyenye jalada jekundu viliwekwa mbele ya picha ya Lakshmi, mungu wa neema, vikapakwa alama, vikaombewa, ndipo ukurasa wa kwanza ukaandikwa. Deni la zamani lilifungwa, jipya likafunguliwa. Hesabu ziliandikwa Kigujarati, hati ambayo mkulima aliyedaiwa hakuweza kuisoma, wala ofisa wa kodi.

Serikali ilijaribu kulivunja hilo. Mwaka 1923 Waingereza walitunga sheria za leseni na kodi ya faida ambazo zilikataa vitabu vya Kigujarati, na wafanyabiashara wa Kihindi katika miji ya Tanganyika wakafunga maduka kwa wiki kadhaa kupinga. Mapambano hayo husimuliwa kwa fahari katika familia. Lakini nikimfikiria mkulima wa Nassa ambaye alama yake ya dole gumba ilikuwa katika kitabu asichoweza kukisoma, nashindwa kushangilia na waliofunga maduka.

Kisha kuna mizani. Pamba ilipokuwa dhahabu ya Usukuma, wanunuzi wengi na wenye viwanda vya kuichambua walikuwa Wahindi, na malalamiko ya wakulima kuhusu vipimo hayakuwa uzushi. Walipunjwa uzito, walikatwa bei kwa kisingizio cha uchafu, walilipwa kwa bidhaa. Vyama vya wakulima vilianza kwa kuajiri wapimaji wao wenyewe wasimame kando ya mizani ya mnunuzi. Paul Bomani, aliyekuwa katibu wa chama cha wafanyabiashara Waafrika wa Mwanza, alizunguka vijijini mwanzoni mwa miaka ya 1950 akiwaunganisha, na mwaka 1955 likazaliwa shirikisho la vyama vya ushirika la Victoria, ambalo ndani ya miaka michache lilichukua ununuzi wote wa pamba na kuanza kumiliki viwanda. Kwa maduka ya vijijini huo ulikuwa mwisho wa biashara kubwa. Familia zikaanza kurudi mjini moja baada ya nyingine.

Najua kwamba wapo watakaoona nimewaonea wenye maduka, na wengine watakaoona nimewahurumia. Msimamo wangu ni huu: mkopo wa duka ulimvusha mkulima miezi ya njaa, na mkopo huohuo ulimnyonya msimu wa mavuno. Vyote viwili vilitokea kwenye kaunta moja, mkono kwa mkono. Anayekusimulia kimoja bila kingine hajakaa na wazee wa pande zote.

Utajiri mkubwa ulikuwa wa wachache. Iqbal Chopra, wakili wa Mwanza, alimsaidia mwanajiolojia John Williamson alipokuwa hana kitu, na almasi ilipogunduliwa Mwadui mwaka 1940 akawa mshirika wake na tajiri mkubwa. Jina lake hutajwa kila Wahindi wa ziwa wanapozungumziwa, nami nimelitaja nipite. Familia nyingi ziliishi watu wengi katika vyumba vichache, zikidunduliza kwa kusudi moja, kupandisha ghorofa juu ya duka. Ghorofa ilikuwa benki. Kodi ya wapangaji wawili watatu ilimsomesha mtoto Uingereza, ikamwozesha binti, na zaidi ya yote ikamlisha mjane. Mwanamke aliyefanya kazi uani miaka arobaini bila mshahara hakuwa na kitu kwa jina lake. Mumewe akifa, alichotegemea ni wema wa wanawe na pango la chumba cha juu.

Ndiyo maana mwaka 1971 uliziumiza nyumba hizi kwa namna ambayo vitabu vya siasa havionyeshi. Azimio la Arusha mwaka 1967 lilitaifisha mabenki, viwanda vikubwa na biashara ya nje, na biashara ya jumla ikafuata. Aprili 1971 ilikuja sheria ya majengo: nyumba yenye thamani ya kuanzia shilingi 100,000 ambayo ilipangishwa ilichukuliwa na serikali, na ile iliyokuwa na zaidi ya miaka 10 haikulipwa fidia. Msajili wa Majumba akawa mwenye nyumba mpya. Serikali ilikuwa na hoja, na nyingi ninazikubali: haikuwa haki kwamba mitaa yote ya katikati ya miji imilikiwe na jamii moja ndogo. Lakini jamii iliyoonekana kwenye orodha ilikuwa ya wanaume wenye hati, na aliyepoteza kula yake mara nyingi alikuwa bibi kizee wa ghorofani ambaye hakujua jina lake lingeweza kuandikwa katika hati ya nyumba.

Agosti mwaka uliofuata, ng'ambo ya ziwa, Idi Amin aliwapa Waasia wa Uganda siku 90 waondoke. Familia za Mwanza na Bukoba zilikuwa zimeozana na za Kampala, Masaka na Jinja kwa miaka sabini, zikitembeleana kwa meli. Ghafla binti aliyeolewa Masaka alikuwa kambini Uingereza. Hofu ilivuka maji. Walioweza waliondoka, Waismailia wengi kwenda Kanada, wengine Uingereza au Dar es Salaam. Kaka mmoja alibaki kulinda duka, na bibi alibaki na kaka huyo kwa sababu alikataa kupanda ndege.

Waliobaki wapo. Hospitali ya Hindu Union bado inatibu watu wa Mwanza wa kila dini. Wamachinga walipojaa kuzunguka hekalu la Makoroboi, na mji ukabishana kuhusu nani mwenye haki ya barabara ile, maombi ya jioni yaliendelea. Sangara alipoleta viwanda vya minofu miaka ya 1990, familia za asili ya Kihindi zilikuwa miongoni mwa zilizovijenga, na ziwa likawapa riziki nyingine. Kwa Wahindu maji yake yamekuwa matakatifu kwa vizazi: mwaka 1948 sehemu ya majivu ya Gandhi ililetwa mpaka Jinja na kumwagwa pale Nile inapoanza safari, na familia za kando ya ziwa hulitaja jambo hilo kama watu wanaojua kwamba wazee wao walishaondoka na maji hayohayo.

Ndoa zimebadilika kuliko chochote. Msichana hatoki tena Porbandar kuja Mwanza. Jamaa ni ndogo, na mwenzi hutafutwa Dar es Salaam, Nairobi au Leicester, na mara nyingi mabinti hutafuta wenyewe. Bado siku ya manjano, hina na ngoma za garba huwakusanya watu. Mapishi makubwa ya sherehe nyingi hufanywa na wapishi wa Kisukuma na Kijita waliofundishwa katika nyua zilezile, na wanaojua kiasi cha hiliki kwa masufuria ya watu mia tatu bila kupima.

Na dengu zimegeuza njia. Wakulima wa Magu, Misungwi, Kwimba na Shinyanga huzipanda kwenye mbuga nyeusi baada ya mpunga, zikikua kwa unyevu uliobaki ardhini, na soko lao kuu ni India. Desemba 2017 serikali ya India ilipoweka ushuru mpya kwa dengu za nje, pigo lilifika mpaka kwenye maghala ya Mwanza. Wakulima ambao hawajawahi kuiona bahari wakawa wanauliza habari za mvua za Gujarati, kwa sababu mavuno ya kule ndiyo yanayoamua bei ya huku.